Baba wa Yeni 300

Kwenye katuni za Kijapani njia ya haraka ya kumpata steringi ni kumuulia wazazi. Naruto, baba na mama walikufa siku ileile aliyozaliwa. Edward Elric, mama amefariki na baba aliondoka zamani. Tanjiro anarudi nyumbani anakuta familia imechinjwa, amebaki dada mmoja, naye anageuka zimwi. Gon anaondoka kisiwani kwao kumtafuta baba ambaye hataki kupatikana. Ukishawaondoa wazazi njia iko wazi. Hakuna wa kumwambia mtoto arudi kabla ya giza, na uchungu wake unageuka kuwa nguvu. Halafu anakuja mwalimu mwenye siri zake, anampa ujuzi, na mara nyingi naye anakufa ili mwanafunzi apate hasira ya kutosha kwa pambano la mwisho.

Vijana wetu wanazipenda sana hadithi hizi na mimi siwakatazi. Nimelia kwa Naruto kama wao. Lakini nafanya kazi na watoto wa umri wa Naruto, na baadhi yao kwenye kadi ya familia wameandikwa chini ya jina la mtu ambaye hawakumjua kabla ya kuvuka mpaka. Kwao uyatima haukuleta nguvu yoyote. Umeleta foleni ya maji, na mlezi ambaye tayari ana watoto wake watano. Ndiyo maana nataka kuandika juu ya hadithi moja iliyoikataa njia hiyo, tena kwa kuchekesha: Mob Psycho 100.

Kwa ambaye hajaiona: mchoraji wake anajiita ONE, ni jina la kazi. Aliichapisha kuanzia 2012 hadi 2017, vitabu 16, na studio ya Bones ikaigeuza anime kwa misimu mitatu, 2016, 2019 na 2022. Michoro ya ONE mwenyewe ni kama ya mtoto wa darasa la nne aliyechoka, na hilo halijamzuia kitu. Hapa kwetu imefika kwa flashi na kadi za memori, maneno ya Kiingereza chini ya picha, na anayejua Kiingereza anatafsiri kwa sauti huku wengine wanampigia kelele asome haraka. Hadithi ni ya Shigeo Kageyama, mwanafunzi wa miaka 14, nywele kama kafunikwa bakuli, maneno machache, mbio hawezi, na msichana anayempenda hana habari naye. Jina lake la utani ni Mob. Kwa wachoraji wa Japani "mobu" ni wale watu wa kujaza picha, wanaopita nyuma ya steringi bila jina. Sasa huyu mtu wa nyuma ndiye mwenye nguvu za ajabu kuliko wote mjini. Anaweza kung'oa jengo. Hisia zake amezibana, namba inapanda kwenye skrini, na ikifika asilimia 100 analipuka.

Angalia nyumbani kwake. Baba yupo. Mama yupo. Ritsu, mdogo wake, yupo, na ndiye anayesifiwa shuleni. Wanakula pamoja mezani. Kijiko kikijipinda mkononi mwa Mob, mama anamgombeza kwa sababu ya kijiko. Haogopi, hapigi magoti, haiti mtu wa kuombea. Kijiko ni pesa, basi. Ni kichekesho kifupi na wengi wanakipita, ila kwangu hapo ndipo mwandishi anaanza kupindua mambo: mtoto wa ajabu kuliko wote ana nyumba ya kawaida kuliko zote. Kwa hiyo nafasi ya mwalimu inabaki bila kazi yake ya siku zote. Hakuna pengo la baba la kuziba. Na anayekuja kukaa kwenye nafasi hiyo ni Reigen Arataka.

Reigen ni mganga feki. Sitafuti neno zuri zaidi. Amekodi chumba, amevaa suti, ameandika mlangoni kwamba anashughulikia mapepo na mambo mengine ya namna hiyo. Nguvu hana hata chembe. Mteja akija kusema kuna pepo limemkalia mabegani, Reigen anamlaza na kumkanda vizuri, mteja anaondoka mwepesi. Akiletewa picha yenye kivuli cha ajabu, anaisafisha kwenye kompyuta. Likitokea pepo la kweli, anarusha chumvi. Wajapani kwa desturi hutumia chumvi kuondoa uchafu wa kiroho, lakini hii ya Reigen ni ya dukani, ya mezani, na pepo linaichekea. Hapo anampigia simu Mob. Mtoto anakuja, anamaliza kazi, na malipo yake ni yeni 300 kwa saa, wakati miaka ile kima cha chini cha mshahara Japani kilikuwa zaidi ya yeni 600 kila mkoa.

Wasomaji wetu wa mashirika nawaona mnavyokunja uso. Ni kweli. Angefeli mafunzo ya kulinda watoto siku ya kwanza kabla ya chai ya saa nne. Anamwajiri mtoto, anamlipa vibaya, anamdanganya, na anampeleka usiku kwenye majengo yaliyotelekezwa.

Na bado nasema yule ndiye mzazi bora niliyewahi kumwona kwenye katuni hizi. Sababu yangu ni siku walipokutana.

Mob alikuwa bado shule ya msingi. Alikwenda ofisini kwa Reigen peke yake kwa sababu alikuwa anaogopa kitu kilichomo ndani yake, na kwenye tangazo aliona kuna mtu mzima mwenye kitu kama hicho. Reigen siku hizo biashara ilikuwa imeanza kumchosha. Alidhani mtoto anatania. Akamjibu kwa yale maneno ya mtu mzima anayetaka uende zako. Alimwambia kwamba nguvu kama hizo ni tabia tu, kama mwingine anavyokimbia sana, mwingine anavyofaulu darasani, mwingine anavyonuka jasho. Hazikufanyi kuwa juu ya watu wala chini yao. Ni kama kisu, usimwelekezee mtu. Kuwa mtu mwema, inatosha. Na akaongeza uongo mmoja, kwamba hata yeye anazo.

Sasa tuiweke habari hii karibu na yetu, maana wengi wetu tumetoka Kongo. Katiba ya Kongo ya 2006, kifungu cha 41, inakataza kumsingizia mtoto uchawi, imeandikwa wazi kabisa, na sheria ya kulinda mtoto ya 2009 ikaweka adhabu. Katiba haifiki kuandika jambo kama hilo mpaka limezidi. Tunajua linavyokwenda. Baba amepoteza kazi, shangazi haponi, biashara imekufa, na ndani ya nyumba kuna mtoto anayekojoa kitandani au anayeongea usingizini. Mara nyingi si mtoto wa kuzaa, ni wa marehemu kaka au wa mke wa kwanza. Anapelekwa kwa mtu wa maombi. Yule mtu anamwangalia na kusema ndiyo, naiona nguvu ndani yake. Hapo kunaanza kufunga kula, kuchapwa, kulipa pesa, na mwisho wake barabarani.

Kwa hiyo mtoto mwenye nguvu za kweli anapoingia mlango wa mtoa mapepo wa uongo, sisi tunaijua sehemu inayofuata. Kwa tapeli, mtoto yule ni mali. Angeweza kumwambia mama yake: mwanao ana kitu kibaya, leteni pesa kila wiki. Badala yake anaipunguza ile nguvu mpaka inakuwa ndogo kama kunuka jasho. Hakuitoa, hakuiabudu. Na mtoto aliyekuja anatetemeka anarudi nyumbani akiwa mtu wa kawaida. Kichekesho chenyewe ni kwamba mwenye nguvu za kweli pengine asingeweza kusema vile, maana angezijua na angeziogopa. Reigen anasema kweli kwa sababu hajui anaongea na nani.

Kuna sehemu nimewahi kuona mtu mzima akifanya kinyume, sitaitaja. Mtoto alikaa mlangoni akisikiliza wakubwa wanavyojadili kilichomo ndani yake.

Kituoni kwetu tulibishana wiki nzima: Reigen ni tapeli au ni mzazi? Kijana mmoja alinikata kauli. "Dada, huyu angekuwa hapa kambini angekuwa anauza nafasi za kwenda Marekani." Kila mtu alicheka, halafu kukawa kimya kidogo, kwa sababu kila mtu anajua familia iliyouza mabati au mbuzi kwa ajili ya nafasi ambayo haikuwepo. Hoja yake naiheshimu. Watapeli wetu nao wanavaa vizuri, wanasikiliza vizuri, wanajua jina la mtoto wako. Ila nilimwambia aangalie jambo moja: tapeli wa kwetu anakuacha na hofu kubwa kuliko uliyokuja nayo, maana hofu ndiyo inayokurudisha kwake. Mteja wa Reigen anatoka amepona bega. Naye akajibu kwamba bega si pepo, na mteja alilipia pepo. Hatukumaliza.

Sehemu iliyowakamata wote, wa upande wake na wa upande wangu, ni mwisho wa msimu wa kwanza. Mob, Ritsu na wenzao wako mikononi mwa watu wazima wenye nguvu, kikundi kinachoitwa Claw. Wenzake wanapigwa. Namba inapanda, na safari hii hisia inayopanda ni ya kutaka kuumiza. Katika hadithi yoyote nyingine hapo ndipo mwalimu anapopiga kelele: sasa, toa nguvu zako zote! Watazamaji wote wanangoja hiyo. Reigen anasimama mbele yake na kumwambia asifanye. Kama mambo ni mabaya, ni sawa kukimbia. Halafu anapigwa mgongoni kwa upanga.

Ni sawa kukimbia! Hadithi za mapigano za Japani zimejaa watu wanaokataa kukimbia, na sisi tunaziangalia kambini, mahali ambapo kila aliyekaa kwenye benchi alikimbia, au alibebwa na aliyekimbia. Wapo wavulana wanaobeba jambo hilo kama deni. Huwaambii kitu. Tulipoonyesha sehemu ile hakuna aliyepiga kelele kwamba mtafsiri asome haraka. Kijana mmoja aliomba simu, akairudisha nyuma mara tatu.

Kinachofuata ni kichekesho kikubwa, na ndicho kinachoiokoa isiwe mahubiri. Reigen hafi. Nguvu za Mob zimehamia kwake bila yeye kujua, upanga haukumfanya kitu, na anadhani wale jamaa wanacheza na vitu vya plastiki. Anawachapa wote huku akiwasema kama mwalimu wa zamu: ninyi ni watu wazima, mbona mnacheza michezo ya watoto, nendeni mkatafute kazi. Mwanafunzi ndiye aliyempa mwalimu nguvu. Umeona jinsi alivyoigeuza? Kwa kawaida mzee anamrithisha kijana, kisha anakufa. Hapa mzee hana cha kurithisha zaidi ya maneno, na kijana ndiye anayetoa, kisha wote wanarudi nyumbani.

Mzazi wa damu mwenye nguvu za kweli yupo pia, ni Toichiro Suzuki, bosi wa Claw. Huyu anataka kuitawala dunia. Mke wake ameondoka, na mwanawe Sho amekusanya watu wa kumpinga baba yake mwenyewe. Suzuki anajua kukusanya nguvu, miaka na miaka amezihifadhi mwilini, lakini hajui chochote kuhusu mtoto aliyemzaa. Nguvu zake zinapomshinda na anakaribia kulipuka, anayekataa kumwacha peke yake ni Mob, mtoto wa mtu mwingine. Sitakaa sana kwa Suzuki. Ni adui mzuri lakini ni baba ambaye tumeshamwona mara nyingi.

Nimependa zaidi kumlinganisha Reigen na baba mmoja wa zamani kwenye hadithi za mapepo za Japani, baba yake Kitaro. Aliyemchora ni Shigeru Mizuki, aliyezaliwa 1922 na kupoteza mkono wa kushoto vitani. Anime ya kwanza ya Kitaro ilianza 1968. Kitaro ni mtoto wa kabila la mizuka. Baba yake alikufa na kuoza, lakini jicho moja likagoma kufa kwa sababu mtoto amebaki peke yake. Likaota mikono na miguu, na tangu hapo linamlea. Baba mzima ni jicho, linaogea kwenye bakuli la chai na kukaa kwenye nywele za mwanawe likimpa ushauri. Inachekesha na inatisha. Mizuki alijua kitu kuhusu yale yanayobaki baada ya vita. Reigen ni mjukuu wa jicho lile: mtu mzima asiye na nguvu za kupigana, kazi yake ni kuwepo na kusema.

Msimu wa pili ndio unaomchunguza Reigen bila huruma, na hapo naona ONE amezidi wenzake. Mob anaanza kupata marafiki. Amejiunga na klabu ya kujenga mwili, mijitu mikubwa ya misuli ambayo ungedhani itamwonea, kumbe ndiyo yenye adabu kuliko wote shuleni. Siku moja anataka kukaa na wenzake badala ya kwenda kazini. Reigen anamjibu vibaya, kwamba hao si marafiki, wanakutumia tu, bila mimi ungekuwa wapi. Kila mlezi ameshasikia sentensi hiyo, au ameshaisema. Mob haongezi sauti. Anaacha kazi.

Reigen anabaki peke yake. Anajaribu kuonyesha kwamba hamhitaji mtoto. Anafaulu, anaitwa kwenye televisheni, halafu anaumbuliwa mbele ya nchi nzima kuwa ni mwongo. Anakaa mbele ya waandishi wa habari, na aliyebaki upande wake ni yule mtoto aliyemtukana, ambaye kutoka mbali anavirusha hewani vitu vya waandishi ili wamwache. Baadaye wanatembea pamoja na Reigen anataka kukiri. Mob anamwambia kwamba tangu zamani amejua yeye ni nani: mtu mwema. Hasemi kama anajua ni tapeli. Kila nikirudia naamini alijua, na vijana wetu nusu wanakataa.

Kukiri kwenyewe kunakuja mwisho kabisa, msimu wa tatu, na kama hujafika ruka aya hii. Mob amepoteza fahamu, nguvu zake zinatembea zenyewe na kubomoa mji. Wenye nguvu wote wamejaribu kumzuia, wameshindwa. Reigen anaingia kwenye ule upepo na suti yake, mikono mitupu, hana Mob wa kumkopesha nguvu maana Mob ndiye dhoruba. Na hapo anamwambia: sina nguvu, sijawahi kuwa nazo. Uongo aliousema siku ya kwanza ili mtoto asijione peke yake, anaurudisha siku ambayo kukiri hakumsaidii chochote yeye mwenyewe. Yule kijana wa nafasi za Marekani alisema, "Haya, tapeli wa kwetu hajawahi kurudisha." Sikuchukulia kwamba nimeshinda, bado anataka wale wateja warudishiwe pesa.

Mfanyakazi mmoja wa shirika alinishauri tuitumie hadithi hii kwenye mafunzo ya malezi bora. Nilikataa kwa heshima. Ukimweka Reigen kwenye bango atakuwa mtu mwingine. Atapandishiwa mshahara wa Mob na kuwekewa fomu, na vijana watalala. Anafaa kwa sababu hafai. Walezi wengi wa hapa nao hawafai kwenye karatasi. Hawakusoma, wanagombana, wamepokea mtoto wa jirani aliyepotelea njiani bila kujaza chochote, na wanamlisha.

Lawama yangu kubwa ni kwa akina mama. ONE amefikiria sana maana ya kuwa baba, kuwa mwalimu, kuwa kaka, na akina mama amewaacha jikoni. Mama yake Mob ana kijiko. Mama yake Sho ameondoka, na tunamwona zaidi kama jeraha la mumewe. Kwa hadithi iliyopindua kila kitu kingine, hapa imelala. Na sisi, ambao nyumba nyingi za kambi zinasimama kwa mwanamke mmoja, tunaliona pengo hilo haraka.

Mama yake Reigen yupo pia, kwa ujumbe wa simu tu. Siku ya kuzaliwa ya mwanawe, katikati ya upweke wake wote, anamtumia salamu na kumhimiza atafute kazi ya maana. Msichana mmoja wa kituoni, anayelea wadogo zake wawili, alisema huyo mama ndiye aliyeijua biashara ile tangu mwanzo na kuisema, na hata kiti hakupewa.